Mkoa, Mkoa Unaojiendesha, au Mkoa Wenye Maeneo Yanayojiendesha: Upi wa China Uchukue Kuwa Mfano?

Msomaji anayetafuta mfano wa namna nchi moja inavyoweza kuyapa makabila yake nafasi ya kujisimamia bila kuigawa nchi hataikwepa China. Ramani ya nchi hiyo ina maeneo 155 yenye jina la kujiendesha, nayo yanachukua takriban asilimia 64 ya ardhi yote, ilhali makabila madogo madogo 55 yanayotambuliwa na serikali yalikuwa na watu wapatao milioni 125 katika sensa ya mwaka 2020, yaani chini kidogo ya asilimia 9 ya Wachina wote. Kwa mwanafunzi wa sheria anayetafuta mada ya tasnifu, kwa mwanachama wa asasi ya kiraia anayeandaa maoni kuhusu ugatuzi, au kwa mwalimu wa uraia anayetaka kulinganisha nchi kwa nchi, tatizo ni kwamba China haina umbo moja la utawala bali ina maumbo matatu yanayofanana kwa mbali na kutofautiana kwa karibu. Lipo la mkoa wa kawaida, lipo la mkoa unaojiendesha, na lipo la mkoa wa kawaida uliobeba ndani yake maeneo madogo yanayojiendesha.

Ili ulinganisho usiwe wa angani, nimechukua mikoa mitatu ya kusini iliyopangwa juu ya mto mmoja. Maji yanayoanzia milima ya Yunnan hupita Guangxi na kumwagika baharini Guangdong. Yunnan ni mkoa wenye maeneo mengi yanayojiendesha ndani yake, Guangxi ni mkoa unaojiendesha wa kabila la Wazhuang, na Guangdong ni mkoa wa kawaida. Nitaeleza kila panapohusika wapi Xinjiang, Tibet, Ningxia na Mongolia ya Ndani, yaani mikoa mingine minne inayojiendesha, inapotoka nje ya picha hiyo, kwa sababu asiyeitazama mikoa hiyo minne atachagua akiwa hajaona mambo mazito kuliko yote.

Jambo moja nalisema tangu mwanzo: neno "kujiendesha" lisimchagulie mtu. Atazame ni nani anayetia saini ya mwisho kwenye sheria, kwenye fedha na kwenye uteuzi wa viongozi, kisha ndipo alinganishe.

Cheo kimoja, majina mawili

Katiba ya China ya mwaka 1982, katika kifungu cha 30, inaiweka mikoa, mikoa inayojiendesha na miji iliyo chini ya serikali kuu moja kwa moja katika ngazi moja. Kwa hiyo Guangxi haiko juu ya Guangdong wala chini yake. Yote miwili ina bunge la umma la mkoa, kamati ya kudumu ya bunge hilo, serikali ya mkoa, mahakama na ofisi ya waendesha mashtaka, na yote miwili inawajibika kwa Baraza la Serikali lililoko Beijing. China ni nchi ya mfumo wa umoja, wala si shirikisho. Mamlaka ya mkoa, wa aina yoyote, yametoka katikati na yanaweza kurudi katikati. Kifungu cha 4 cha Katiba hiyo kinasema pia kwamba maeneo yote yanayojiendesha ni sehemu zisizotengeka za Jamhuri ya Watu wa China, hivyo anayetafuta mfano wenye haki ya kujitenga asipoteze muda wake hapa.

Tofauti inaonekana kwanza kwenye jina la kiongozi. Guangdong na Yunnan zina gavana, Guangxi ina mwenyekiti wa serikali. Guangxi yenyewe ilikuwa mkoa wa kawaida hadi mwaka 1958, ilipogeuzwa kuwa mkoa unaojiendesha wa Wazhuang, na Nanning ukaendelea kuwa mji mkuu. Hilo linaifanya iwe kipimo kizuri, kwa sababu mtu anaweza kuuliza ni nini hasa kilichobadilika siku ile jina lilipobadilika.

Kiti cha serikali na kiti cha Chama

Hapa ndipo penye faida ya wazi kabisa ya umbo la kujiendesha. Kifungu cha 114 cha Katiba kinataka mwenyekiti wa mkoa unaojiendesha awe raia wa kabila ambalo eneo limepewa jina lake. Mwenyekiti wa serikali ya Guangxi lazima awe Mzhuang. Tukumbuke kwamba Wazhuang ni chini ya theluthi moja ya wakazi milioni 50 wa Guangxi, na Wahan, kabila kubwa kuliko yote nchini China, ni zaidi ya asilimia 60. Kabila ambalo lingeweza kuachwa nyuma kila mara idadi inapohesabiwa limehakikishiwa kiti, na kifungu cha 113 kinaongeza kwamba mwenyekiti au baadhi ya makamu wenyeviti wa kamati ya kudumu ya bunge la mkoa nao watoke katika kabila hilo. Guangdong haina sharti la namna hiyo. Yunnan pia haina katika ngazi ya mkoa, ingawa theluthi moja ya watu wake wanatoka katika makabila madogo.

Sharti hilo nalihesabu kuwa la maana. Mtoto wa Kizhuang anayekua akijua kwamba kiti cha juu cha serikali ya mkoa wake hakiwezi kukaliwa na mtu ambaye si wa kabila lake amepewa kitu ambacho makabila mengi duniani hayana. Ila sharti linahusu kiti cha serikali tu. Katika kila mkoa wa China, wa kawaida au unaojiendesha, mwenye neno la mwisho ni katibu wa kamati ya Chama cha Kikomunisti mkoani, ambaye kiprotokali na kimamlaka yuko juu ya gavana au mwenyekiti, na nafasi hiyo haina sharti lolote la kabila. Anateuliwa na uongozi wa Chama kutoka Beijing. Katika miongo ya mwanzo walikuwapo viongozi walioshika vyeo vyote viwili: Ulanhu, Mmongolia, aliiongoza Mongolia ya Ndani katika Chama na katika serikali hadi mwaka 1966, na Wei Guoqing, Mzhuang, alikuwa na uzito kama huo Guangxi. Miongo ya karibuni desturi imekuwa kumpa ukatibu mtu kutoka nje ya kabila lenye jina la mkoa, kwa kawaida Mhan.

Kwa hiyo katika uongozi Guangxi inaizidi Guangdong kwa heshima na uwakilishi, lakini katika mahali ambapo uamuzi unafungwa, mikoa hiyo miwili iko sawa. Mwenye kuchagua Guangxi kuwa mfano aandike mambo hayo mawili katika aya moja, asiyatenganishe.

Sheria: mamlaka makubwa kwenye karatasi, njia nyembamba kwenye utekelezaji

Sehemu hii ndiyo inayostahili muda mwingi kuliko nyingine zote.

Guangdong, kama mkoa wowote, ina haki chini ya kifungu cha 100 cha Katiba ya kutunga kanuni za mkoa mradi zisipingane na Katiba wala sheria za nchi, na inatakiwa tu kuzipeleka kwa Kamati ya Kudumu ya Bunge la Umma la nchi zikawekwe kwenye kumbukumbu. Guangxi ina haki hiyo hiyo, na juu yake imepewa ya pili. Kifungu cha 116 kinayaruhusu mabunge ya maeneo yanayojiendesha kutunga kanuni kuu ya kujiendesha, ambayo ni kama katiba ndogo ya eneo, pamoja na kanuni mahususi zinazohusu jambo moja moja. Kanuni hizi zinaweza hata kuibadilisha sheria ya nchi ilingane na mazingira na desturi za kabila husika, mradi zisivunje misingi ya sheria hiyo wala zisiguse Katiba na Sheria ya Kujiendesha kwa Maeneo ya Makabila, iliyopitishwa mwaka 1984 na kurekebishwa mwaka 2001.

Ukisoma mpaka hapo utaona Guangxi imeshinda. Endelea kusoma kifungu hicho hicho. Kanuni ya kujiendesha ya mkoa haianzi kutumika mpaka iidhinishwe na Kamati ya Kudumu ya Bunge la Umma la nchi. Kanuni ya kawaida ya Guangdong hupelekwa Beijing ikiwa imekwisha kuwa sheria, lakini kanuni ya kujiendesha ya Guangxi hupelekwa ikiwa bado ni ombi. Matokeo yake ni kwamba hakuna hata mmoja kati ya mikoa mitano inayojiendesha uliowahi kupata kanuni yake kuu ya kujiendesha. Guangxi imeandika rasimu nyingi, na zote zimeishia njiani. Maelezo yanayotolewa na wanasheria wengi wa China ni kwamba rasimu hizo zinapofika kwenye wizara, vifungu vya mgawanyo wa fedha na maliasili hukosa makubaliano, kwa kuwa wizara haziko tayari kuona mamlaka zao zikiandikwa upya na mkoa.

Katika ngazi ya chini hali ni tofauti. Kati ya mkoa na wilaya ipo ngazi ambayo Wachina huiita zhou, na nchini kote ziko zhou 30 zinazojiendesha, na wilaya za namna hiyo 120. Kanuni zao huidhinishwa na kamati ya kudumu ya bunge la mkoa, ambako wahusika wanajuana na maslahi yanayogongana si makubwa mno. Yanbian, zhou ya Wakorea katika mkoa wa Jilin, ilipata kanuni yake kuu mwaka 1985, mwaka mmoja tu baada ya sheria ya kujiendesha kupitishwa, na zhou zote nane za Yunnan zina kanuni zao. Zhou ya Dali ya kabila la Wabai ilitumia mamlaka hayo mwaka 1988 kutunga kanuni ya usimamizi wa ziwa Erhai, ambalo ndilo uhai wa uvuvi, kilimo na utalii wa bonde lile, na imeirekebisha mara kadhaa tangu hapo. Huo ni mfano wa mamlaka ya kujiendesha yanayogusa maji anayokunywa mwananchi, wala haukuhitaji saini ya Beijing.

Matumizi mengine yanayofahamika ni ya umri wa ndoa. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1980 iliweka miaka 22 kwa mwanamume na 20 kwa mwanamke, na Tibet, Xinjiang, Ningxia na Mongolia ya Ndani zikaushusha hadi 20 na 18. Kwa hiyo mamlaka ya kubadilisha sheria ya nchi si ya kufikirika, ila yamefanya kazi zaidi katika mambo ya familia na desturi kuliko katika uchumi.

Sasa tuirudie Guangdong, kwa sababu ndiyo inayotoa funzo lisilotarajiwa. Mwaka 1980 ilipewa maeneo matatu maalumu ya kiuchumi, Shenzhen, Zhuhai na Shantou, na mwaka 1981 bunge lake, pamoja na la Fujian, likapewa idhini ya kutunga kanuni za kiuchumi za maeneo hayo. Mwaka 1992 mji wa Shenzhen ukapewa idhini yake wenyewe. Kanuni za eneo maalumu zinaweza pia kuibadilisha sheria ya nchi, na kinachotakiwa ni kuzipeleka zikawekwe kwenye kumbukumbu pamoja na maelezo ya kilichobadilishwa, bila kusubiri idhini ya kila kanuni. Kwa maneno mengine, mji mmoja ndani ya mkoa wa kawaida umekuwa na njia pana zaidi ya kutunga sheria tofauti kuliko mkoa mzima wenye jina la kujiendesha. Sielewi mtu anawezaje kulinganisha maumbo haya bila kuanzia hapo. China inapotaka eneo fulani lijaribu jambo, hulipa nafasi kwa idhini maalumu, na jina la eneo halina uzito katika uamuzi huo.

Kuna kifungu kingine cha sheria ya kujiendesha ambacho hutajwa sana na watetezi wake. Kifungu cha 20 kinasema kwamba eneo linalojiendesha likiona agizo la ngazi ya juu halifai mazingira yake, linaweza kuomba libadilishwe au lisitekelezwe, na ngazi hiyo inatakiwa kujibu ndani ya siku 60. Guangdong haina kifungu kama hicho kilichoandikwa. Ni ulinzi mzuri kwa lugha yake, lakini anayejibu ombi ndiye aliyetoa agizo, na hakuna mahakama ya kukatia rufaa. Tafsiri ya Katiba na ya sheria iko mikononi mwa Kamati ya Kudumu ya Bunge la Umma, na hakuna jaji nchini China anayeweza kuitengua sheria ya nchi kwa kuwa imeingilia mamlaka ya eneo linalojiendesha.

Fedha

Hapa nitakwenda haraka kidogo. Tangu mageuzi ya kodi ya mwaka 1994 mgawanyo wa kodi kati ya serikali kuu na mikoa ni mmoja kwa wote. Kodi ya ongezeko la thamani, kwa mfano, iligawanywa asilimia 75 kwa serikali kuu na 25 kwa mikoa, kisha tangu mwaka 2016 nusu kwa nusu, na mkono huo huo uliikatia Guangdong na Guangxi. Kinachoitofautisha Guangxi ni ruzuku, kwa kuwa tangu mwaka 2000 serikali kuu ina fungu la kuhawilisha fedha kwa maeneo ya makabila, na pia haki moja ya kodi ambayo wengi hawaitaji. Kifungu cha 29 cha Sheria ya Kodi ya Mapato ya Kampuni, iliyopitishwa mwaka 2007, kinaliruhusu eneo linalojiendesha kupunguza au kusamehe sehemu ya kodi hiyo inayobaki kwa eneo lenyewe. Zhou na wilaya zinahitaji kibali cha mkoa, lakini mkoa unaojiendesha unaamua wenyewe. Mkoa wa kawaida hauna haki hiyo.

Hata hivyo mkoa unaotegemea ruzuku hauwezi kusamehe kodi nyingi bila kujiumiza, na mkono mtupu haulambwi. Guangdong, ambayo kwa miongo imechangia hazina ya taifa kuliko inavyopokea, ina sauti mezani ambayo haikuandikwa kwenye kifungu chochote. Hata maonyesho makubwa ya biashara kati ya China na nchi za Kusini Mashariki mwa Asia, yanayofanyika Nanning kila mwaka tangu 2004, yalitokana na mpango wa serikali kuu na nafasi ya Guangxi mpakani mwa Vietnam, wala hayakutokana na mamlaka ya kujiendesha.

Lugha na shule

Kifungu cha 121 cha Katiba kinayapa maeneo yanayojiendesha haki ya kutumia lugha ya kabila katika kazi za serikali. Kizhuang kina maandishi yake ya herufi za Kilatini, yaliyoidhinishwa mwaka 1957 na kurekebishwa mwaka 1982, na mtu akishika noti ya China ataona jina la benki kuu limeandikwa pia kwa Kizhuang, Kitibet, Kiuyghur na Kimongolia. Wahui wa Ningxia, ambao tofauti yao na Wahan ni ya dini na historia, wanazungumza Kichina, kwa hiyo kwao kifungu hicho hakibadilishi mengi. Huko Guangdong, Kikantoni kinazungumzwa na mamilioni ya watu bila kulindwa na kifungu chochote cha aina hiyo, kwa sababu wasemaji wake wanahesabiwa kuwa Wahan.

Kwa karatasi, basi, msemaji wa Kizhuang analindwa kuliko msemaji wa Kikantoni. Kipimo cha ulinzi huo kilionekana Mongolia ya Ndani mnamo Septemba 2020, mamlaka zilipoanza kubadilisha lugha ya kufundishia masomo ya lugha, siasa na historia kutoka Kimongolia kwenda Kichina sanifu katika shule za Kimongolia. Wazazi waliandamana na wengine wakawazuia watoto wasiende shule. Januari 2021 tume ya masuala ya sheria ya Kamati ya Kudumu ya Bunge la Umma ikatoa taarifa kwamba kanuni za maeneo zilizotaka shule za makabila zifundishe kwa lugha za makabila haziendani na kifungu cha 19 cha Katiba kinachohimiza lugha ya pamoja ya taifa. Kanuni zilizodumu miaka mingi ziliangushwa kwa tafsiri ya chombo cha Beijing, na maeneo yenyewe hayakuwa na mahali pa kupeleka hoja yao.

Hapa lazima itajwe Xinjiang. Ni mkoa unaojiendesha tangu mwaka 1955, mwenyekiti wa serikali yake ni Muyghur kama Katiba inavyotaka, na ndani yake zimo zhou tano zinazojiendesha za Wakazakh, Wahui, Wakyrgyz na Wamongolia. Yote hayo hayakuzuia, kuanzia mwaka 2017, watu wengi wa Kiuyghur na wa makabila mengine ya Kiislamu kuwekwa kizuizini katika vituo ambavyo serikali ya China iliviita vya mafunzo ya ufundi na vya kupambana na siasa kali. Ofisi ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa ilisema katika ripoti yake ya tarehe 31 Agosti 2022 kwamba yaliyotendeka huko yanaweza kuwa uhalifu dhidi ya ubinadamu, na China iliikataa ripoti hiyo. Atakayeuchukua mkoa unaojiendesha kuwa mfano wa kulinda makabila, akainyamazia Xinjiang, atakuwa amewapotosha wanaomsikiliza.

Umbo la Yunnan, na suala la mipaka

Yunnan ina zhou nane na wilaya 29 zinazojiendesha. Wabai wana Dali, Wadai wana Xishuangbanna, Walisu wana Nujiang, na pale makabila mawili yanapokaa pamoja eneo hupewa majina mawili, kama Dehong ya Wadai na Wajingpo au Honghe ya Wahani na Wayi, na kiongozi wa serikali hutoka katika mojawapo. Uzuri wa umbo hili ni kwamba halilazimishi mkoa mzima uitwe kwa jina la kabila moja. Guangxi ina Wayao, Wamiao, Wadong na wengine ambao wamebaki chini ya jina la Wazhuang, ingawa nao wamepewa wilaya zao 12 zinazojiendesha ndani ya mkoa. Yunnan yenyewe haina mwenye jina. Kila kabila linapata kiasi cha eneo lake, na mkoa unabaki wa wote. Hata Guangdong ina wilaya tatu za namna hiyo kwenye milima ya kaskazini, za Wayao na Wazhuang, ndiyo maana mpaka kati ya "mkoa wa kawaida" na "mkoa wenye maeneo yanayojiendesha" si mstari mnene. Vipo pia vitongoji vya makabila, lakini hivyo havihesabiwi kuwa na vyombo vya kujiendesha.

Udhaifu wa umbo hili ni kwamba eneo dogo linaweza kufutwa kwa urahisi. Sheria inasema mipaka ya eneo linalojiendesha isibadilishwe wala eneo lisifutwe bila mashauriano na vyombo vyake, ulinzi ambao mkoa wa kawaida hauna kwa maneno hayo. Lakini zhou ya Wali na Wamiao kisiwani Hainan ilifutwa mwaka 1987 kisiwa kilipotayarishwa kuwa mkoa, na nafasi yake ikachukuliwa na wilaya ndogo ndogo zinazojiendesha. Wilaya inayojiendesha inayokua hadi kuwa mji wa kisheria huingia katika hatari ya namna hiyo, kwa sababu Katiba haina ngazi ya "mji unaojiendesha", hivyo wakazi wanaotaka hadhi ya mji hulazimika kuiacha hadhi ya kujiendesha. Kwa mikoa mikubwa mambo huwa ya kujadiliwa juu: pwani ya Qinzhou na Beihai ilihamishwa kati ya Guangdong na Guangxi zaidi ya mara moja kabla ya kukabidhiwa Guangxi mwaka 1965, na ndiyo iliyoifanya Guangxi iwe mkoa wenye bahari.

Kuchagua

Uchaguzi unategemea swali ambalo msomaji amelibeba. Kama anauliza jinsi ya kulihakikishia kabila lenye watu wachache kiti cha uongozi na lugha yake ionekane hadharani, Guangxi ndiyo ya kusomwa, nayo isomwe pamoja na Mongolia ya Ndani na Xinjiang. Kama anauliza eneo linapataje nafasi halisi ya kuamua mambo ya uchumi, aisome Guangdong, na atagundua kwamba nafasi hiyo ilitokana na idhini maalumu na uwezo wa kifedha. Kama anauliza namna makabila mengi madogo yanavyoweza kuishi ndani ya mkoa mmoja bila mmoja wao kuumiliki, Yunnan ina mengi ya kumfundisha kuliko zote.

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki ulinganisho unakuwa mkali zaidi, kwa sababu kwetu vipo vipimo vya kuuweka kando yake. Kaunti 47 za Kenya chini ya Katiba ya mwaka 2010 zina magavana waliopigiwa kura na wakazi, zina haki ya angalau asilimia 15 ya mapato ya taifa iliyoandikwa kwenye Katiba yenyewe, na zikigombana na serikali kuu zinaweza kwenda mahakamani. Zanzibar ina Rais wake, Baraza la Wawakilishi lake na Katiba yake ya mwaka 1984, ambayo haikupelekwa kuidhinishwa na Bunge la Muungano. Guangxi haina hata kimoja kati ya hivyo. Kwa upande mwingine, Kenya na Tanzania hazina kifungu kinachosema kwamba kiongozi wa eneo fulani lazima atoke katika kabila fulani, na Tanzania bara imejenga siasa yake kwa kukwepa jambo hilo makusudi. Kwa hiyo anayeipeleka hoja ya Guangxi kwenye mjadala wetu anapeleka vitu viwili kwa pamoja: kiti kilichotengwa kwa kabila, na mamlaka yasiyo na mwamuzi. Asije akapeleka cha kwanza tu na kukiacha cha pili nyumbani.

Mimi ningechagua Yunnan, na ndani ya Yunnan ningeanza na Dali. Zhou hiyo ina kanuni yake kuu iliyopitishwa, ina kanuni ya ziwa Erhai ambayo utekelezaji wake unaonekana kwa macho, ina kiongozi wa serikali Mbai na katibu wa Chama asiyefungwa na sharti hilo, na kibali cha sheria zake kinatolewa Kunming, mji mkuu wa Yunnan. Mambo yote yanayobishaniwa kuhusu kujiendesha nchini China yamo humo kwa kipimo ambacho mtafiti mmoja anaweza kukimaliza, na baada ya hapo atakuwa na haki ya kuinua macho na kuitazama Nanning.